Mutoto wetu naye aingie ndani ya kitabu

(Hotuba kwa vijana wachoraji, wazazi na walimu, Goma)

Jambo kwenu wote, wamama, wapapa, walimu mulioacha kazi za posho mukakuja hapa, na zaidi nyinyi vijana wachoraji, juu njo nyinyi naongea nanyi leo. Waliniomba niseme juu ya kazi ya mutu anayechorea watoto vitabu, vile anaishi na vile anafanya, nikafikiri sana nitamuleta nani mbele yenu kama mufano. Nikamuchagua mutu ambaye hakufika Goma hata siku moja, hakuijua volkano yetu Nyiragongo wala ziwa Kivu, na alikufa 1983 wakati wazazi wa wengi wenu walikuwa bado hawajaoana. Anaitwa Ezra Jack Keats, wa Brooklyn, kule New York, Marekani. Nimemuchagua juu alifanya kitu kimoja chenye sisi hapa bado hatujakifanya vya kutosha: alimutazama mutoto ambaye vitabu vilikuwa vinamupita kando, akamuchukua akamuweka katikati ya karatasi.

Alizaliwa tarehe 11 mwezi wa tatu 1916, na jina la kuzaliwa ni Jacob Ezra Katz. Wazazi wake walikuwa Wayahudi waliotoka Poland, na ndani ya nyumba franka ilikuwa shida kila siku. Baba alikuwa anahudumia watu ndani ya restora. Tangu utoto Ezra alikuwa anachora popote, na kuko siku alichora meza ya jikoni yote, meza nzima, hakubakiza nafasi. Sasa wamama muniambie, mutoto akichora meza ya jikoni hapa Katindo ao kule Ndosho, atapata nini? Naona munacheka, jibu munalijua. Mama yake alitazama, hakufuta, alifunika ile michoro na kitambaa, na majirani wakikuja kusalimia anafunua anawaonyesha. Mimi nikisoma maisha ya wachoraji wakubwa natafutaka kwanza huyo mutu, yule ambaye alikuta michoro na hakufuta. Karibu kila mara yuko.

Baba naye alikuwa na woga, na ule woga mimi nauelewa kabisa. Pale alikuwa anafanya kazi alikuwa anawaona artisti wanaingia na njaa, hawana kitu, akaogopa mutoto wake ataishia pale. Alikuwa anamukatalia kwa mudomo, hii kazi ya kuchora haitakulisha, tafuta kitu cha maana. Lakini jioni anarudi nyumbani na tube ya rangi mufukoni, anamuambia mutoto ati msanii fulani alikuwa na njaa akaibadilisha na sahani ya supu. Kumbe zile rangi alikuwa anazinunua yeye mwenyewe, na ile franka kidogo alikuwa nayo.

Kisha mwaka 1935, Ezra yuko karibu kumaliza masomo ya sekondari, moyo wa baba ukasimama ghafla. Walimuita kijana aende atambue maiti. Wakafungua pochi ya baba, na ndani mulikuwa vipande vya jurnali, vimechakaa, vimekunjwa mara nyingi mpaka vinataka kukatika. Zilikuwa habari za zawadi ambazo Ezra alikuwa ameshinda kwa michoro yake. Baba alikuwa anatembea nazo. Miaka yote anasema acha hii kazi, na kwa mufuko anabeba jina la mutoto wake limechapishwa.

Wapapa mulio hapa, nawaomba kwa heshima, kama muko na kipande kama kile kwa pochi, mukitoe leo jioni mumuonyeshe mutoto mukiwa wazima.

Baada ya pale maisha yalikuwa ya kukimbiza kazi, sitakawia sana hapo. Alikuwa ameshinda nafasi za kusoma sanaa bila kulipa, akashindwa kwenda juu nyumba ilimuhitaji. Alichora kuta kubwa kwa mupango wa serikali wa kuwapa watu kazi wakati wa ule umaskini wa miaka ya 1930, akachora nyuma ya mashujaa ndani ya vitabu vya komiki, ni kusema yeye anachora nyumba na barabara na mawingu, shujaa anachorwa na mwingine. Wakati wa vita kuu ya pili jeshi lilimuweka kwa kazi ya rangi za kuficha vitu adui asivione. Na 1947 akabadilisha jina, Katz ikawa Keats, juu kwa wakati ule Muyahudi kupata kazi Marekani haikuwa rahisi. Vijana, mukumbuke ile kazi ya kuchora nyuma ya mashujaa. Wengi wenu munafanya vibao vya saluni, mabango ya chanjo, majina ya maboutiki, na munaona kama siyo kazi ya kweli. Ni kazi. Mukono unajifunza pale.

Sasa tufike penye nilitaka kufika.

Mwaka 1940 Ezra alikuwa kijana wa miaka 24. Ndani ya gazeti Life akakuta foto zimefuatana za mutoto mumoja mweusi, mudogo kabisa, wa jimbo la Georgia, wanataka kumutoa damu ya kupima. Hakuna kitu kikubwa ndani ya zile foto. Ni uso tu wa mutoto, mabega yake, vile amesimama, vile nguo inamukaa, vile ile furaha inageuka kuwa kitu kingine wakati anaelewa kitamufikia nini. Ezra akazikata na makasi akazibandika ukutani. Hakuwa na kitabu cha kuchora, hakuna mutu alimupa komande, alimupenda tu yule mutoto. Zile foto zilikaa naye karibu miaka 22.

Ndani ya ile miaka alianza kuchorea watu wengine vitabu vya watoto, kuanzia 1954. Wanamuletea hadithi, anasoma, anachora. Na kila hadithi wanayomuletea, mutoto wa mbele siyo mweusi. Kama kuko mutoto mweusi ni nyuma kule, anapita. Na Brooklyn watoto weusi wamejaa, wako barabarani, wako kwa ngazi za nyumba, wako kwa masomo, unafungua mulango unawaona, unafungua kitabu hawako. Siku alipopata nafasi ya kuandika na kuchora kitabu chake peke yake, hakukaa kutafuta nani atakuwa mutoto wa ile hadithi. Alikuwa ameisha kuwa ukutani.

Kile kitabu kilitoka 1962, kwa Kiingereza kinaitwa The Snowy Day, ni siku ya theluji. Mutoto anaitwa Peter, anaamka, anakuta theluji imefunika muji, anavaa nguo yake nyekundu, anatoka kucheza. Ni hayo tu. Hakuna shetani, hakuna mufalme, hakuna mutu anakufa. Mwaka uliofuata, 1963, kikapata medali ya Caldecott, ile zawadi kubwa ambayo Marekani wanampa muchoraji wa vitabu vya watoto tangu 1938. Na 2020 biblioteke kubwa ya muji wa New York walihesabu kitabu gani watu waliazima zaidi tangu biblioteke ianze, zaidi ya miaka mia moja, kikatoka kile, mara 485,583. Mutoto mweusi mwenye koti nyekundu.

Lakini mimi ile namba hainishikaka sana. Kinachonishika ni barua. Mwalimu mumoja aliandika kusema watoto wake wa darasa, watoto weusi, kwa mara ya kwanza walichukua rangi ya kahawia kujichora wenyewe. Mbele ya pale walikuwa wanajichora na rangi ya waridi. Walimu mulio hapa, mufanye hivi juma tatu. Wapeni watoto karatasi, muwaambie kila mutu ajichore na nyumba yao. Nimefanya ile mara nyingi hapa Goma na kila mara naona mambo sawasawa: uso wameuacha mweupe, bila rangi yoyote, na nyumba iko na chimene juu inatoa moshi. Chimene! Nani hapa yuko na chimene? Hawa watoto wanalala ndani ya nyumba za mbao zilizosimama juu ya mawe meusi ya volkano, mama anapika na makala mbele ya mulango, na wakishika kreyo wanachora nyumba ya Ulaya. Hawana kosa. Wanachora nyumba vile walikuta nyumba ndani ya vitabu.

Niliwahi kusoma ile hadithi ya Peter kwa watoto wa kartie yetu, naigeuza kwa Kiswahili palepale, naonyesha picha. Watu walikuwa wananiambia, mama, watoto wa Goma wataelewa nini ndani ya theluji? Nafungua picha ya kwanza, kila kitu cheupe, mutoto mumoja akasema, "Ni majivu ya volkano," na mwingine akamukatalia haraka, "Hapana, ni ile inakuwaka ku Karisimbi asubui!" Na alikuwa na haki. Ule mulima uko na mita 4,507, kuko asubui za baridi munautazama kutoka hapa kichwa chake kimekuwa cheupe, kisha jua linapanda inaisha. Mutoto alikuwa ameiona akaitunza. Lakini siyo theluji iliwashika. Kuko mahali Peter anachukua kipande cha theluji anakiweka kwa mufuko ili acheze nacho kesho, anaingia ndani ya nyumba yenye joto, na mbele ya kulala anaangalia mufuko, hakuna kitu. Pale sale yote ilinyamaza. Kila mutoto alikuwa anajua ile, kutunza kitu kizuri na kukikosa. Haiombi pasipoti.

Sasa vile alikifanya, juu wachoraji wanataka kusikia ya mikono. Wakati wa kuanza alikuwa anafikiri atapaka rangi tu, labda aongeze vipande vidogo vya karatasi. Ile ya kubandika ikamushinda nguvu, ikachukua kitabu kizima. Kwa mashuka ya kitanda cha Peter alienda dukani kutafuta karatasi nyeupe kidogo, wakamuonyesha turubai ya kuchorea iliyotoka Ubelgiji, akaona njo ile, ile rangi na ule ugumu wake ni shuka kabisa. Nguo ya mama wa Peter, ile yenye mirabaraba, ni kitambaa kisichoingiza maji, kile watu wanatandikaka ndani ya kabati. Theluji inayoanguka siyo brosi iliichora, alichukua gome za kufutia, akazichonga na kisu, akazitia rangi akagonga karatasi, tap tap tap, kama stempu ya komini. Na ukuta wa kijivu nyuma ya mutoto aliyelala alichukua wino mweusi na brosi ya meno, akarusha matone madogo madogo mpaka ikawa usiku.

Muangalie ile orodha. Turubai, kitambaa cha kabati, gome, brosi ya meno. Ni nini pale ambayo soko la Virunga haina?

Njo maana nawaambia ukosefu wa rangi za maji za bei, zile zinatoka mbali, siyo sababu ya kukaa mikono mitupu. Kwa washonaji kila jioni wanafagia vipande vya kitenge wanavitupa, uende uombe, watakupa bure na watakushangaa. Karatasi ya saki ya simenti iko na rangi ya kahawia nzuri kuliko karatasi yoyote ya dukani, unaitoa vumbi, unaikunja na kuikunjua mara nyingi mpaka inakuwa laini kama ngozi. Mimi nyuso za watoto nazitoa pale. Barabara zetu nazifanya na vumbi yenyewe ya mawe ya volkano: unaiponda, unaichekecha na kitambaa, unaichanganya na gundi nyeupe, unapaka na kipande cha karton, ikikauka ukipitisha kidole unasikia Goma. Mpira wa ndani wa baiskeli ukiuchonga na wembe unatoa stempu inayodumu kuliko gome. Nilichonga majani ya muhindi, nikagonga shamba zima kwa saa moja.

Na kitabu kinaanza na karatasi nane tu. Muchukue karatasi nane za kawaida, muziweke pamoja, muzikunje katikati, mushone mukunjo na uzi. Muhesabu kurasa: 32. Vitabu vingi vya picha vya watoto viko na kurasa 32, na siyo uchawi, ni juu ya mashini ya kuchapisha, karatasi kubwa inachapishwa pande mbili na kukunjwa inatoa kurasa 16, mbili zinatoa 32. Ukiongeza kurasa tatu tu sababu hadithi imekuzidi, emprimeri itakulipisha kama umeongeza nyingi. Kwa hiyo kata maneno. Na mbele ya kuchora kwa uzuri, chora kwa haraka ndani ya kile kidogo ulichoshona, na bik, vibaya vibaya, kisha ukae na mutoto umufungulie. Tazama mukono wake. Kama anataka kufungua mbele wewe hujamaliza kusoma, uko sawa. Kama anatazama dirisha, hapo pameoza, rudi upange tena. Kila mara mutoto anageuza ukurasa, kuwe na kitu kinamungojea upande mwingine.

Jambo lingine ambalo wanafunzi wangu wanalisahau: kama maneno yanasema mutoto alikimbia, usichore tu mutoto anakimbia. Maneno yamesha kusema. Wewe chora sandale moja iliyobaki nyuma, chora mbuzi anamuangalia, chora kile maneno hayakusema. Mutoto asiyejua kusoma njo msomaji wako mukubwa, anasoma picha yote mpaka kwa pembe, ataona panya uliyomuficha chini ya kitanda mbele ya mwalimu amuone.

Nirudi kwa kutazama, juu kazi yote iko pale. Mutoto wa Goma hatembei kama mutoto wa mahali pengine. Mawe haya yanakata, basi anatembea macho chini, vidole vya muguu vinatafuta, mikono imefunguka kidogo kando kushika uzito. Ukimuchora anatembea kichwa juu kama yuko kwa simenti, umemuchora mutoto wa mahali pengine. Mutazame kijana akiteremka na chukudu, ile baiskeli yetu ya mbao isiyo na pedali. Goti moja liko juu ya mbao, na pale goti linakaa wamepigilia kipande cha sandale kuukuu lisiumie, muguu mwingine unasukuma chini ao unaning'inia nyuma, mabega yameinama mbele, na ile mizigo, saki za makala, viazi vya Masisi, zinamupita kichwa. Pale rondpwe, penye barabara zinazunguka, kuko chukudu ya sanamu ya rangi ya zahabu, kila mugeni anaipiga foto. Mimi naomba mumutazame yule wa kweli anayepita chini yake na jasho.

Na mukiona kitu, mukitunze. Ezra alikuwa na ukuta, mimi niko na kaye hizi za masomo, muko munaziona hapa mezani. Ile usiku ya tarehe 22 mwezi wa tano 2021 Nyiragongo ilitapika, munaikumbuka wote, na siku chache baadaye wakatangaza kartie nyingi zitoke, barabara ya Sake ikajaa, matandiko kwa kichwa, mabidon, wazee kwa mapikipiki. Ndani ya ile fujo nilimuona mutoto wa kike, labda wa miaka sita. Hakuwa analia. Alibeba kuku chini ya kwapa, na kiganja cha mukono mwingine alikuwa amemuziba kuku macho, ili kuku asiogope. Nilisimama kando nikachora ule mukono tu, kwa bik, nyuma ya fakture. Yule mutoto bado sijampatia hadithi yake. Iko inakuja, sitamusukuma.

Niseme sasa ya uchungu kidogo. Watu fulani waliwahi kunipa komande ya kitabu cha watoto wa huku kwetu. Nikachora nyumba za mbao, mabati yenye mawe juu yasiondoke na upepo, bidoni ya njano kwa mulango, watoto wenye rangi yao. Wakanirudishia dosie: weka nyumba ya matofali, weka majani ya kijani mbele, na watoto uwapaushe rangi kidogo, wapendeze. Nilikubali kujadili majani. Rangi ya watoto nilikataa, na kazi ikaenda kwa mutu mwingine. Franka ile ilikuwa ya kulipa masomo ya watoto wangu, na iliniuma. Lakini nilikuwa nafikiri mutoto mumoja wa kartie ya Birere anafungua kile kitabu, anatafuta mutu anayefanana naye, na mimi njo nimemufuta.

Na Ezra naye hakusifiwa na kila mutu, muisikie na hii. Mwaka 1965 mwanamuke anaitwa Nancy Larrick aliandika ndani ya gazeti la Marekani juu ya ulimwengu wa vitabu vya watoto ambao wote ni wa wazungu, akaonyesha vile watoto weusi hawamo. Ile kazi ilikuwa muhimu kabisa. Lakini ndani yake alilaumu na kitabu cha Peter, ati mama wa Peter amechorwa kama wale wamama weusi wa vichekesho, na ati maneno hayasemi popote kama mutoto ni mweusi. Wengine waliuliza, huyu Muyahudi mweupe anatafuta nini ndani ya mutoto mweusi? Nimefikiri sana juu ya lile swali. Lile la maneno mimi nakataa: kwa nini maneno yaseme mutoto ni mweusi, wakati picha inamuonyesha na mutoto mwenyewe anacheza? Hakuna kitabu kinasema "mutoto huyu mweupe alitoka kucheza." Lakini lile swali la nani anachora, lile ni la kweli na linatugeukia sisi. Ezra alifungua mulango uliofungwa, na namushukuru. Wenye nyumba wapashwa kuingia sasa.

Na kuko wameisha kuingia. Dominique Mwankumi ni mukongomani, alisoma sanaa Kinshasa, vitabu vyake vimechapishwa Paris, na ndani yake kuko watoto wa muto wanavua samaki, kuko mutoto wa barabara za Kinshasa anayetengeneza magari ya kuchezea na waya na makopo. Barly Baruti wa Kisangani kwa upande wa bande desine, ni kusema komiki, watu wanamujua mbali. Lubumbashi tangu 1946 walikuwa na ile atelye ya Hangar, penye akina Pilipili na Bela walijifunza kuchora ndege na samaki na nyoka kila mutu kwa mukono wake, Bela alikuwa anachora na vidole vyake, bila brosi. Tuko na mizizi. Lakini mutoto wa hapa Kivu, wa chukudu, wa sambaza, wale samaki wadogo wa ziwa, wa mawe meusi, anayesoma Kiswahili darasa la kwanza, vitabu vyake viko wapi? Sheria ya elimu ya 2014 inakubali mutoto aanze kusomeshwa na lugha za kwetu, Kiswahili kikiwemo. Kitabu cha hesabu kipo pengine. Kile cha kumufurahisha usiku, chenye mutu kama yeye, ni wachache wanakifanya, na kuchapisha rangi hapa ni bei, najua, nimelipa.

Kwa hiyo tusingoje emprimeri. Ile mulioshona na uzi ni kitabu. Kikisomwa kwa watoto kumi wa kiwanja kimoja, kimesomwa. Ezra kwa maisha yake aliandika na kuchora vitabu 22 vyake mwenyewe, na ukiongeza vile alivyochorea wengine vinapita 85, na Peter alimufuata ndani ya vitabu saba, anakua, anapata dada mudogo, anajifunza kupiga mluzi, anamuandikia rafiki barua. Hakumuacha kwenye kitabu kimoja. Mutoto ukimupenda humuchori mara moja tu.

Basi nimesema mingi, sasa mikono. Saki ya vitenge iko pale pembeni, makasi hazitoshi, mutagawana watu watatu watatu. Gundi ni ile nyeupe kwa ndoo, mutumie kidogo. Kila mutu achukue karatasi nane akunje, ashone, na kwa ukurasa wa kwanza achore mutoto mumoja anayemujua kwa jina, vile anatembea, siyo uso, uso tutafanya kisha. Wazazi na walimu nanyi pia, hakuna wa kukaa. Yaya, utufungulie yale madirisha ya upande wa ziwa, gundi ikauke haraka. Tuanze.